Dola 1 iliyogeuzwa 4

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Wiki hii limenielemea jambo la ahadi. Msimu wa michango umefika, na kwenye kamati kila mtu anachungulia kwanza mwenzake kaandika ngapi ndipo aandike yake. Presha hiyo naijua, nami imenibana.

Katikati ya hayo nikatazama filamu ya zamani isiyo na sauti, *Sherlock Jr.* ya mwaka 1924. Buster Keaton ni kijana hohehahe, mfagiaji na mwonesha picha wa sinema, anayetaka kumpelekea binti chokoleti. Dola aliyoiokota kwenye taka ameirudisha kwa mwenyewe, nyingine akampa bibi aliyekuwa analia. Amebaki na dola 1, basi ananunua boksi la dola 1. Halafu anatoa penseli, ile 1 ya bei anaifanya 4! Nilicheka mpaka machozi.

Kumbe mpinzani wake ameiba saa ya baba wa binti, ameiweka rehani kwa dola 4 na kumtumbukizia kijana risiti mfukoni. Wanapekuana. Risiti inasema dola 4, boksi nalo linasema dola 4. Atajitetea vipi? Mkono uliorudisha pesa ya watu ndio uleule ulioandika ushahidi wa kumtia hatiani.

Hapo nikawakumbuka Anania na Safira, mume na mke wa kwenye Matendo ya Mitume waliouza shamba, wakaficha sehemu ya fedha na kujifanya wameleta yote, wakaanguka wakafa. Shamba lilikuwa lao, na hata baada ya kuuza, fedha ilikuwa mikononi mwao. Petro mwenyewe alimwambia Anania hivyo. Wangeleta nusu wakasema ni nusu, wangerudi zao nyumbani salama.

Lakini ngoja niseme na sisi viongozi. Nani anawafundisha watu kudanganya? Tunasoma majina madhabahuni, wa laki tano anapigiwa makofi na vigelegele, wa elfu kumi tunampitia haraka kama tunamwonea haya. Yesu aliketi kuielekea sanduku ya hazina, akamsifu mjane wa senti mbili. Sisi tungemwita jina kweli? Tukiendelea hivi, penseli tunawashikisha sisi wenyewe, na Bwana atatuuliza.

Nawe mpendwa uliyeandika ahadi huku ukijua kabisa haipo, usingoje mhazini aanze kukutafuta na wewe uanze kukwepa ibada. Mpigie leo. Mwambie, "Mtumishi, ile laki ifute. Niandikie elfu ishirini, naituma sasa hivi."