Dagaa wa Kigoma kwao ni wapi hasa?

Juzi nimepita sokoni, mama mmoja ananiita "kaka njoo, dagaa wa Kigoma hawa, original kabisa", nikaokota wawili watatu nikawaangalia nikacheka tu. Mama, hawa wa Mwanza! Akanijibu "dagaa ni dagaa kaka, unataka au hutaki?"

Mimi nimekulia Ujiji, hilo jibu liliniuma. Dagaa siyo samaki mmoja jamani, ni jina tu tunalomrushia kila kidogo anayeanikwa. Wa Mwanza, ambaye Wakenya wanamwita omena na Waganda mukene, ukoo wake ni wa kina ningu, samaki wa maji baridi. Kwao ni Ziwa Victoria, Kyoga na Nabugabo. Dagaa mchele wa baharini huyo ni mwingine tena. Wetu wa Kigoma ni ukoo wa sadini, yaani mababu zake walikuwa wa baharini, wakapandia mito ya upande wa Kongo mamilioni ya miaka huko nyuma, wakaishia kwenye ziwa letu wakabadilika humohumo. Na hata hao wako aina mbili, mmoja mdogo kama sentimita 10 hivi na mwingine anayeweza kufika 17, wote kwao Ziwa Tanganyika. Ndio maana pwani zote nne wanamjua, sisi, Burundi na Kongo wanakomwita ndagala, na Zambia kwenye kile kipande chao cha kusini.

Ziwa lina kina cha mita 1,470 lakini usidhani dagaa anashuka huko, chini hakuna hewa, anazunguka juu huku, mchana anazama kidogo kukwepa migebuka, samaki wanaomla, usiku anapanda kula vidudu vya majini, ndo hapo anakutana na taa za wavuvi. Zamani karabai, siku hizi sola. Mbalamwezi ikiwaka watu wanalala nyumbani, taa haifui dafu mbele ya mwezi.

Sasa mbona Goma na Bukavu wanakula sambaza, na Zimbabwe wana kapenta, ambao ni dagaa wetu haohao kwa majina mengine? Hao walibebwa! Kati ya 1958 na 1960, enzi za Mbelgiji, vifaranga vya dagaa wa Tanganyika vilipelekwa Ziwa Kivu kwa sababu katikati ya lile ziwa palikuwa patupu, hamna samaki wa kula vile vidudu. Walipeleka aina zote mbili, akashika yule mkubwa peke yake, mdogo akapotea. Halafu Kariba, lile bwawa la Zambia na Zimbabwe, shida ileile, samaki wa mtoni walizoea kukaa pembeni maji ya katikati hayana mwenyewe, basi 1967 na 1968 wakaletwa haohao wakubwa. Wakazaana kweli. Na hawakutulia, wakapita kwenye mitambo ya umeme ya bwawa (wazima!), wakashuka na Zambezi hadi Cahora Bassa huko Msumbiji, hakuna aliyewapeleka wala aliyewaaga.

Kwa hiyo ukiangalia ramani ya leo utadhani huyu samaki ametapakaa nusu ya Afrika, kumbe kwao ni ziwa moja tu.

Mwaka jana shemeji yangu alitoka Siavonga, pale pale Kariba, akaja na mfuko wa kapenta zawadi ya bi mkubwa. Bi mkubwa hajui habari za Mbelgiji wala bwawa, akawaosha, akakaanga na nyanya na kitunguu, akala kimya na ugali wake wa muhogo. Mwisho akasema "ni dagaa wetu hawa, ila mbona wamedumaa?"

Na ni kweli, wa Kariba hawafikii umbo la wa kwetu. Shemeji akanuna mpaka jioni.