Miezi 14 Iliyokosekana: Nilivyofuatilia Mafao Yangu Tanga

Nilistaafu mwaka 2023 nikiwa na umri wa miaka 60, baada ya kufanya kazi ya utarishi kwa miaka 30 katika ofisi moja ya umma hapa Tanga. Katika miaka hiyo yote nilibeba majalada ya wenzangu kutoka meza hadi meza, lakini la kwangu sikuwahi kulifungua, kwa kuwa tarishi haruhusiwi kupekua jalada lake binafsi.

Nilipopeleka notisi ya kustaafu, miezi sita kabla, niliomba pia taarifa ya michango yangu PSSSF, yaani Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma, ulioanzishwa mwaka 2018 kwa kuunganisha mifuko ya pensheni ya LAPF, PSPF, PPF na GEPF. Mimi nilikuwa mwanachama wa LAPF. Taarifa ilionyesha kwamba kuanzia Julai 2008 hadi Agosti 2009 hakukuwa na mchango hata mmoja kwa jina langu, ingawa asilimia 5 yangu ilikatwa kila mwezi na mwajiri alipaswa kuongeza 15 yake.

Mwenye mshahara mkubwa huenda asingejali. Mimi nilipiga hesabu. Kwa kanuni iliyoanza kutumika Julai 2022, kila mwezi wa utumishi huongeza kwenye pensheni ya mwaka sehemu moja ya 580 ya wastani wa mshahara wa mwaka. Nilipostaafu, asilimia 33 ya pensheni hiyo ilizidishwa kwa 12.5 na kulipwa kwa mkupuo, na asilimia 67 iliyobaki ililipwa kidogo kidogo kila mwezi. Kwa kuwa wastani wangu ulikuwa shilingi 450,000 kwa mwezi, miezi 14 ilikuwa na maana ya kukosa takriban shilingi 538,000 za mkupuo, na zaidi ya shilingi 7,000 kila mwezi kwa muda wote nitakaokuwa hai.

Kijana wa uhasibu kwa mwajiri wangu alinisikiliza kwa adabu, akasema, "Shikamoo mzee wangu, hilo litashughulikiwa, rudi wiki ijayo." Nilirudi wiki tatu mfululizo, nikipanda daladala kutoka Makorora, nikajibiwa maneno yaleyale. Hapo ndipo nilipokumbuka kazi yangu mwenyewe. Barua isiyosainiwa katika kitabu cha dispachi ni kama haikufika, na mimi nilikuwa nikienda kwa mdomo mtupu. Nilinunua daftari la kurasa 80, nikalipigia mistari kama dispachi ya ofisini, na tangu siku hiyo sikuacha karatasi kwenye meza yoyote bila tarehe, jina na saini ya aliyeipokea. Kijana alicheka kidogo, akasaini.

Ushahidi ulikuwa kwenye sanduku la bati la mke wangu, chini ya kanga, ndani ya mfuko wa rambo: slipu za mshahara, zile karatasi ndefu zenye vitobo pembeni, nyingine zimefifia kiasi kwamba nilizisomea mlangoni kwenye jua. Za kipindi hicho zilikuwa 12. Nilipozilinganisha na za miaka mingine niliona kosa: tarakimu moja ya namba yangu ya uanachama ilikuwa imebadilika, 3 ikawa 8. Makato yangu yalikuwa yakipelekwa kwa namba isiyokuwa yangu.

Kuanzia hapo mambo yalikwenda haraka kuliko nilivyotarajia. Mwajiri aliandika barua ya kurekebisha namba na kuambatisha nakala za slipu, nami nikaomba niipeleke Mfuko kwa mkono wangu, kazi niliyoizoea. Miezi 12 iliingizwa kabla ya hesabu ya mafao kufungwa.

Iliyobaki ni Novemba 2008 na Februari 2009, ambayo slipu zake sina. Nimeomba orodha za mishahara za miezi hiyo zitafutwe masijala, na ombi hilo limesainiwa kwenye daftari langu, ukurasa wa 9, mstari wa nne.