Kasuku wa mzee wangu na mtani aliyelala kaburini

Jumamosi, usiku sana

Jana tumemuaga mzee wangu. Nasema wangu japo hatuna damu wala ukoo, mi nafanya kazi ya kea kwenye nyumba ya wazee hapa Reading, Uingereza, na yeye alikuwa chumba cha mwisho kwenye korido, kule karibu na mlango wa bustani, miaka mitatu na miezi kidogo nimemwogesha nimemlisha nimemkata kucha, kwa hiyo wangu ni wangu. Usingizi umegoma ndo maana naandika.

Kilichoniondolea usingizi sio kifo chenyewe, kwenye kazi hii vifo tunavizoea japo havizoeleki. Ni ule mwisho wa ibada pale wanapochomea maiti. Mchungaji kamaliza, pazia linajifunga taratibu mbele ya jeneza, mara kwenye spika wimbo ukaanza na watu wazima kabisa, suti nyeusi, wengine na bakora zao, wakaanza kupiga mluzi. Mluzi jamani, msibani. Alafu wakaimba kwa sauti, wanacheka huku machozi yanawashuka, na binti yake mkubwa ndo alikuwa anapiga mluzi kuliko wote. Mwenzangu wa kazini, dada Mkenya, akanishika mkono akaninong'oneza, "Hawa watu wako sawa kweli?" Nikamwambia wako sawa dada, nitakueleza kwenye basi.

Kwenye basi nikashindwa kueleza vizuri. Basi naeleza hapa.

Ule wimbo unaitwa Always Look on the Bright Side of Life, kwamba we angalia tu upande wenye nuru, kautunga Eric Idle kwa ajili ya mwisho wa filamu ya Life of Brian ya mwaka 1979, na kwenye filamu wanaouimba ni watu waliotundikwa msalabani wanasubiri kufa. Nilipoiona mara ya kwanza na mzee nilikosa raha, mi Mkatoliki, nimebatizwa Tabora na komunyo nimepata palepale. Ila nikaitazama mpaka mwisho. Huyo Brian sio Yesu, ni kijana aliyezaliwa siku ileile kwenye zizi la jirani, na Yesu mwenyewe anaonekana kule mwanzoni anahubiri mlimani na hakuna anayemcheka, wanaochekwa ni walio nyuma kabisa wasiosikia vizuri halafu wanagombana kwa walichodhani wamesikia. Hata hivyo ilileta kelele kubwa. Ireland iliifungia miaka 8, Norway nako ikafungiwa kwa muda, na kabla ya hapo kampuni iliyokuwa itoe hela ilijitoa dakika za mwisho, mpaka mwanamuziki George Harrison wa bendi ya Beatles akaweka rehani nyumba yake ili filamu itengenezwe, kwa sababu tu alitaka kuiona. Mzee alikuwa ananihadithia hili la Harrison kama vile Harrison ni shemeji yake.

Waliotengeneza ni watu sita. Graham Chapman, John Cleese na Eric Idle walisoma Cambridge, Michael Palin na Terry Jones walisoma Oxford, na Terry Gilliam, mzaliwa wa Marekani, ndo alikuwa anachora na kukatakata mapicha ya kizamani yanatembea, ule mguu mkubwa unaoshuka kuponda kila kitu kautoa kwenye mchoro wa Bronzino uliopo National Gallery, London. Wakajiita Monty Python. Programu yao ilianza BBC Jumapili usiku tarehe 5 Oktoba 1969, mzee alikuwa na miaka 24, mwalimu mpya wa hesabu, anaishi chumba cha kupanga na mama mwenye nyumba ndo mwenye tiivii. Ikaenda mpaka 1974, vipindi 45. Mzee alikuwa navyo vyote kwenye boksi la DVD limechakaa pembe zote.

Kila nikiwa shifti ya mchana, saa tisa baada ya chai, tulikuwa tunatazama. Miezi ya mwanzo sikuelewa kitu, na nataka niwe mkweli kwenye hili, sio Kiingereza kilichonishinda, ni kwamba kichekesho hakiishi. Sisi tumezoea kichekesho kina mwisho wake, Mzee Majuto anaumbuka, watu wanacheka, imeisha. Hawa wanaanzisha jambo, linapanda linapanda, alafu kabla halijafika anaingia mwanajeshi anasema acheni huu upuuzi, au wanatoka tu kwenye habari ile wanaingia nyingine. Nilimuuliza mzee mwisho wake uko wapi. Akaniambia mwisho ndo walikuwa wanauchukia, kwa sababu ukishaujua mwisho umeshapumzika, na wao hawakutaka upumzike.

Kilichonifungua ni kasuku.

Jamaa kaingia dukani na kasuku kwenye kizimba, kamnunua nusu saa iliyopita, kasuku kafa. Muuzaji anasema hajafa, kapumzika. Jamaa anampigiza kasuku kwenye kaunta, anamrusha juu anaanguka kama kiatu, muuzaji anasema umemshtua, huyu ni kasuku wa Norway anatamani kwao. Kumbe hata pale kwenye kijiti alikuwa kasimama kwa sababu kapigiliwa misumari miguuni. Ndo jamaa anapasuka, anatoa kila neno ambalo Mwingereza analo la kusema mtu kafa, moja baada ya jingine bila kupumua. Mi nilikuwa nimeshika kikombe cha mzee chenye kamrija, nikaanza kucheka mpaka nikakiweka chini, maana nilikuwa nasikia Kiswahili. Amefariki, ameaga dunia, ametutoka, amekata roho, ametangulia mbele za haki, amekata kamba, kavuta, kadanja, karudisha namba, kakata moto! Nikamwambia mzee sisi nasi tunayo, akanitaka nimtajie yote na maana zake, tukamaliza chai nzima tukihesabu, Kiswahili kikashinda. Kudanja akakipenda akakishika. Shikamoo alikuwa ameshajua anavyoitikiwa, nikifungua pazia asubuhi nikisema shikamoo mzee anajibu marahaba, lakini baada ya siku ile nikimuuliza umeamkaje anajibu "sijadanja".

Kile kichekesho chanzo chake ni gari. Palin alikuwa na fundi wake wa gari, ukimpelekea tatizo lolote anakwambia hakuna tatizo, Cleese na Chapman wakaandika kwanza habari ya muuza gari mwaka 1968, baadaye wakati wanaiandika upya Chapman ndo akaleta wazo la kasuku. Nalipenda sana hili. Anayebishana na kifo mbele ya maiti hajatoka mbali, ni fundi tu anayekwambia gari zima wakati moshi unauona.

Sasa niseme lile nililoshindwa kumwambia mwenzangu kwenye basi.

Baba yangu alifariki mwaka 2009. Mnyamwezi, kafanya kazi reli miaka yote, nusu ya maisha yake yuko Dar, na watani zake Wazaramo. Anayejua anajua, utani huu ni wa tangu enzi za misafara, babu zetu wanashuka na mizigo mpaka Bagamoyo wanapita Uzaramoni, wakagombana wakapatana wakawa watani. Basi msiba uko Tabora, tumekaa kwenye mikeka, mama kainamisha kichwa siku ya pili hajala, mara watani wakafika kutoka Dar. Mmoja wao mzee mfupi akaingia ndani akatoka amevaa koti la baba la reli, lile la vifungo vikubwa, na kofia yake, akaanza kutembea uani anakohoa kikohozi cha baba. Kilekile. Anauliza kwa sauti ya baba chai yangu iko wapi, mbona mnalia badala ya kupika? Mama akainua kichwa. Akacheka, alafu ndo akalia kilio chenyewe, baadaye akala. Na makaburini mtani huyohuyo akashuka shimoni akalala chali, kakunja mikono kifuani, anasema Mnyamwezi huyu ana deni langu na hazikwi mpaka nilipwe, tukachangishana elfu kumi ndo akatoka anafuta udongo. Mtu asiyejua mila angepiga simu polisi. Sisi tuliona heshima. Ni mtani peke yake ndo mwenye haki ile, na akikaa kimya msibani kwako ujue umekufa mpweke.

Haya, Graham Chapman alifariki tarehe 4 Oktoba 1989 kwa kansa, umri miaka 48, siku moja tu kabla programu yao haijatimiza miaka 20. Desemba yake wakamfanyia ibada ya kumbukumbu St Bartholomew's, hospitali ileile aliyosomea udaktari. Cleese akasimama. Akaanza kwa maneno ya kasuku, kwamba Graham Chapman hayupo tena, ameacha kuwepo, kapumzika kwa amani, alafu akasema afadhali kaenda mnyonyaji yule, na hapohapo akaeleza kwamba asingesema vile Graham asingemsamehe kamwe. Mzee alinionyesha vidio yake kwenye simu ya binti yake. Watu ukumbini wanacheka na nyuso zimelowa. Alafu Idle akauimba ule wimbo.

Haikuishia hapo. Mwaka 1998 huko Aspen, Marekani, watano waliobaki walikaa jukwaani mbele ya watu, wakaletewa chungu wakasema ndani mna majivu ya Graham. Wanaongea wanaongea, Gilliam katika kukunja mguu akakipiga teke, majivu yakamwagika kwenye zulia, wakaanza kuhangaika kuyazoa na kuyafukia, ikaletwa mpaka mashine ya kufyonza vumbi. Majivu hayakuwa yake kweli. Nilipoona kile kitu nilisimama kwenye kiti nikasema kwa Kiswahili kabisa, hawa ni watani! Yule mzee mfupi shimoni na Gilliam na chungu chake, mi sioni tofauti.

Tofauti ninayoiona ni kwamba sisi utani tumerithi, mtu anazaliwa anakuta mtani wake yupo, na wale Waingereza ilibidi waujenge wenyewe kwenye nchi ambayo msibani watu wanakaa wima wanameza machozi. Desemba 1970 walionyesha kile kichekesho cha mtu aliyempeleka marehemu mama yake kwa watu wa mazishi akiwa ndani ya gunia, BBC wakaogopa, wakakubali kwa sharti kwamba watazamaji wa studio wazomee na mwisho wavamie jukwaa. Yaani nchi ilihitaji ruhusa. Na leo ule wimbo wa msalabani ndo watu wanauomba mazishini, na mabaharia wa meli ya kivita ya HMS Sheffield waliuimba mwaka 1982 wakati meli yao inaungua na wao wanasubiri kuokolewa. Mtu hawezi kuniambia hao walikuwa wanafanya mzaha.

Mwaka wa mwisho maneno yalianza kumtoka mzee. Kwanza majina, baadaye vitu, kikombe anakiita ile, mwisho hata ile ikaondoka. Terry Jones naye aliumwa hivyo, ugonjwa wa ubongo uliomnyang'anya maneno, mtu aliyeishi kwa kuandika, mpaka alipofariki Januari 2020. Mzee alikuwa anajua habari hiyo kabla hajaanza kuumwa na nadhani ndo iliyomtisha kuliko kifo. Lakini kuna siku, mwezi wa pili, nampeleka chumba cha kulia, kashika fremu yake ya kutembelea, mimi nyuma nimeshika mkanda wake. Akasimama. Nikadhani kachoka. Akaanza kuinua goti la kushoto, juu, juu zaidi, akalishikilia pale hewani linatetemeka, akageuza shingo kunitazama, uso mkavu kabisa kama ofisa wa serikali. Kile ni kichekesho chao cha Wizara ya Mwendo wa Kipuuzi, cha Cleese na kofia yake na mkoba wake, cha Septemba 1970. Maneno yote yameondoka na goti linakumbuka. Nilimshika kiuno asianguke nikamwambia mzee twende, wizara inatusubiri, akashusha mguu tukaendelea.

Jana baada ya ibada kulikuwa na chai na sandwichi kwenye ukumbi wa kanisa. Binti yake akanifuata, akaniuliza kwetu tunafanyaje, nikamweleza habari ya koti la reli na shimo na elfu kumi. Akasikiliza mpaka mwisho. Kimya kidogo, alafu akauliza, na baba yangu mtani wake nani?

Kofia ya mzee, ile ya sufu, ilikuwa juu ya meza kwenye picha zake. Nikaichukua nikaivaa. Nikatoka katikati ya ukumbi mbele ya watu wale wote na vikombe vyao, nikainua goti la kushoto, juu, nikalishikilia pale, nikageuza shingo. Kwanza kimya. Alafu mjukuu wake akapiga kelele, "Babu!", na ukumbi wote ukacheka, binti yake kainama kashika meza na mabega yanatikisika, sikuweza kujua ni kicheko au kilio na sikuhitaji kujua. Nikamwambia kofia sivui mpaka nilipwe. Akatafuta kwenye mkoba wake, mikono inatetemeka, akanipa sarafu ya paundi moja.

Ipo hapa mezani pembeni ya kompyuta. Saa hizi nimemwandikia mtoto wa yule mzee mfupi, yuko Mbagala, naye ndo mtani sasa baada ya baba yake. Kajibu hapohapo kumbe na yeye halali. Kasema pole sana mtani, na nusu ya hiyo paundi ni ya kwake.