Meya aliyerudi wodini

Mwaka jana nilikaa Mumbai, India, wiki kadhaa nikimuuguza mama. Usiku mmoja, mama akiwa amelala, muuguzi wa zamu alinisimulia habari za Kishori Pednekar, na tangu hapo sijaacha kumfikiria.

Kabla ya siasa alikuwa muuguzi. Akawa diwani kwa tiketi ya chama cha Shiv Sena, na Novemba 2019 madiwani wakamchagua kuwa meya wa jiji hilo lenye kata 227. Miezi michache baadaye korona ikaingia. Aprili 2020, wauguzi wamechoka na wamejaa hofu, meya akavaa tena sare yake ya uuguzi akaenda Hospitali ya Nair kuwatia moyo. Yule muuguzi aliponieleza hayo macho yalimlenga machozi, na mimi pia.

Nilichokuja kujua baadaye ni kwamba meya wa Mumbai hana nguvu nyingi kama tunavyodhani. Fedha na utendaji viko kwa kamishna wa jiji, anayeteuliwa na serikali ya jimbo. Meya anaongoza vikao na kuliwakilisha jiji, basi. Kwa hiyo alichokuwa nacho siku ile ni ujuzi wake na kule kufika kwake tu.

Machi 2022 muda wa baraza ukaisha, uchaguzi ukacheleweshwa kwa miaka, jiji likabaki chini ya msimamizi, bila diwani wa kumgongea mlango. Hilo liliniuma kwa niaba ya wakazi wa jiji. Mama anaendelea vizuri, alhamdulillahi. Wauguzi wote, Mungu awalinde.