Kesi ya mpaka imeisha kwa maridhiano

Jamani, nina furaha! Leo hakimu amesajili hati ya maridhiano kati yangu na jirani yangu, na sasa ni amri ya mahakama. Kabla ya kuisajili alituuliza mmoja mmoja kama tumekubali kwa hiari, bila kushurutishwa na mtu. Jirani akaitika kwa sauti, kisha akanipa mkono pale pale.

Kilichotusumbua zaidi ni gharama za kesi. Mwishowe kila mtu anabeba zake. Mnaoandaa hati kama hii, andikeni tarehe: ukuta ubomolewe lini, fundi analipwa na nani. Nasisitiza hilo. Mmoja asipotekeleza, mwenzake anaomba kukazia hukumu, yaani mahakama imlazimishe kutekeleza, hafungui kesi upya.