Jinsi nilivyokokotoa uwezekano wa selimundu kwa watoto wetu

Mtoto wetu wa kwanza alipothibitika kuwa na selimundu, na vipimo vya damu vikaonyesha kwamba mimi na mke wangu sote ni AS, yaani kila mmoja ana kinasaba kimoja cha kawaida (A) na kimoja cha selimundu (S) bila kuugua, ushauri ulitujia kutoka kila upande, na mwingi ulikuwa mbovu. Shangazi yangu, kwa nia njema kabisa, alinihakikishia: “Mwanangu, ni mmoja kwa wanne. Wenu ameshatokea, watatu wanaofuata watakuwa wazima.” Mwingine, aliyesoma kutuzidi, alijumlisha robo mara nne akapata moja kamili, akahitimisha kwamba mwenye watoto wanne hakosi mgonjwa. Hiyo ndiyo iliyonikera zaidi, kwa sababu ukiiendeleza hadi mtoto wa tano inakupa asilimia 125, kiwango ambacho uwezekano wa jambo lolote hauwezi kufikia.

Nilichukua sarafu mbili, ya shilingi 100 na ya shilingi 200, nikaketi na shangazi mkekani. Moja ilikuwa mimi, nyingine mke wangu. Upande wenye sura ya kiongozi tukauita A, upande wa wanyama tukauita S, kwa kuwa mzazi mwenye AS humpa mtoto kimojawapo tu, kwa nafasi sawa. Kila tulipozirusha, alizaliwa mtoto mmoja. Swala na simba wakitazama juu wote wawili, huyo ni SS, yaani mgonjwa. Shangazi alirusha mwenyewe, na haukupita muda SS wawili wakafuatana. Akaziokota zile sarafu, akazigeuzageuza akitafuta kasoro. Hapo ndipo aliponisikiliza nilipomweleza kwamba nusu mara nusu ni robo kwa kila uzazi, awe aliyetangulia ni mgonjwa au mzima.

Swali letu hasa lilikuwa hili: tukiongeza watoto wawili, kuna uwezekano gani wa kupata angalau mmoja mgonjwa? Kuorodhesha njia zote za kumpata kunachosha, na ni rahisi kuruka moja. Heri ukokotoe kinyume chake, yaani kwamba hatakuwapo hata mmoja. Kila mtoto ana robo tatu ya kutokuwa SS. Robo tatu mara robo tatu ni 9/16; toa katika 1, inabaki 7/16, karibu asilimia 44. Kwa watatu ni 37/64, karibu asilimia 58. Kwa wanne, ukihesabu tangu mwanzo, ni 175/256, karibu asilimia 68, si 100 kama tulivyoambiwa. Kuzidisha huku kunafaa kwa sababu mimba moja haiathiri nyingine. Usikutumie kwa mapacha wa kufanana, ambao hurithi vinasaba vilevile, kwa hiyo uwezekano wa wote wawili kuwa SS ni robo, wala si 1/16.

Mke wangu aliitafakari ile 7/16, tukakubaliana kutoongeza mtoto kwa sasa. Mdogo wangu, aliyekuwa akijiandaa kuoa, naye akapima: yeye ni AS, mchumba wake ni AA. Kwao hakuna wa kuzaliwa SS, lakini kila mtoto ana nusu ya kuwa AS, na wakipata watoto watatu, uwezekano wa angalau mmoja kuwa AS ni 1 − 1/8, yaani 7/8, na nimemsihi awapime wote mapema, ili kila mmoja ajue hali yake kabla hajachumbia.