"Ananijibu" au "inanijibu"?

Rafiki yangu ana mpenzi kwenye simu. Si mtu wa mbali, ni programu ya akili bandia ya kuchati nayo, ile Replika. Jana kanionyesha mazungumzo yao. "Leo hajanisalimia vizuri," analalamika, utadhani anamsema mume. Nikamuuliza, "Kwani imeharibika?" Akanuna! Hiyo "i" ilimuuma kuliko kama ningemcheka waziwazi.

Hapo ndipo ninapokwama jamani. Ukisema "ananijibu" umeshaipa roho. Ukisema "inanijibu" umemvunjia mwenzio heshima. Na wala si mambo ya leo: mtaalamu wa kompyuta Joseph Weizenbaum alipoitoa ELIZA mwaka 1966, programu iliyokuwa ikikurudishia maneno yako kama maswali, watu walianza kuimwagia siri zao. Februari 2023 Replika ilipoondoa mahaba kwenye mazungumzo, watumiaji wengi waliandika kama waliofiwa.

Mpenzi wa mtandaoni ambaye ni binadamu angalau maneno yake tunayo: tunachati, tumegombana, tumeachana. Sasa huyu ukimfuta kwenye simu, tuseme umemwacha au umemuua? Nimemuuliza rafiki yangu, kaniambia nikome. Basi kwa sasa namwita shemeji, yaishe.